Mrindimo wa sayari Zumari: je, mbingu inaweza kuvuma bila kuivunja fizikia?

“Shikamoo mtaalamu. Ninaandika mchezo wa redio wa vipindi 12 unaotokea katika ulimwengu wa kubuni, kwenye sayari niliyoipa jina Zumari. Kila baada ya siku 11 mbingu nzima inavuma. Wenyeji wanauita mvumo huo Mrindimo. Unasikika sayari nzima kwa wakati mmoja, ndani na nje ya nyumba, na manahodha wa vyombo vya anga wanausikia wakiwa mbali kabisa na sayari. Rafiki yangu anayefundisha fizikia amenicheka, anasema angani hakuna sauti. Lakini kwenye simu yangu ninayo sauti ya shimo jeusi iliyotolewa na NASA. Nani mkweli? Na mlio wenyewe niutengenezeje, wakati nina kompyuta ya mkononi, simu na redio ndogo ya betri tu? Nikiri pia kwamba wazo hili lilinijia kwa sababu ya mvumo ambao mimi mwenyewe huusikia masikioni usiku kukiwa kimya. Niko kando ya Ziwa Victoria, kama hilo lina maana yoyote.”

Marahaba. Lina maana, na tutalifikia.

Nikikuelewa vizuri, hofu yako ni kwamba msikilizaji anayejua fizikia kidogo atazima redio dakika ya tano. Hofu hiyo ni ya haki, lakini dawa yake si kuufuta Mrindimo. Dawa ni kujua unapita njia gani. Sauti yoyote, iwe ya ngoma ya jirani au ya nyota, inahitaji kitu cha kuitikisa, kitu cha kuibeba na kitu cha kuipokea. Hadithi nyingi za anga huchagua mlio kwanza, halafu mwandishi anahangaika kuutafutia sababu. Wewe anza na njia, na mlio utajileta wenyewe.

Rafiki yako amesema kweli nusu. Sauti ni msukumano: chembe moja ya hewa inaigonga ya pili, ya pili inaigonga ya tatu. Katika hewa unayovuta sasa, chembe husafiri kama sehemu 70 za bilioni ya mita kabla ya kugongana na nyingine, kwa hiyo habari hupita haraka na kwa mpangilio. Kati ya nyota, ambako sentimita moja ya ujazo inaweza kuwa na atomi moja tu, atomi hiyo huenda mabilioni ya kilomita kabla ya kukutana na mwenzake. Na kanuni ni hii: wimbi la sauti halipiti kama urefu wake ni mdogo kuliko umbali huo wa kati ya mgongano na mgongano. Ndiyo maana ukipiga kelele angani hakuna atakayekusikia. Lakini wimbi lenye urefu wa matrilioni ya kilomita linapita vizuri tu. Anga inakosa sauti nyembamba. Sauti nene inazo, nene kupita kiasi.

Hapo ndipo lilipo lile shimo jeusi la kwenye simu yako. Liko katikati ya kundi la magalaksi la Perseus, miaka ya nuru kama milioni 240 kutoka hapa, na kundi hilo limezama ndani ya gesi yenye joto la nyuzi makumi ya milioni. Gesi hiyo hutoa eksirei, na setilaiti iliyoonyesha kwamba eksirei za makundi kama hayo zimetapakaa kwenye eneo lote, badala ya kutoka kwenye nukta moja, ilirushwa kutoka jukwaa la San Marco baharini karibu na Malindi, tarehe 12 Desemba 1970. Siku hiyo Kenya ilikuwa inaadhimisha uhuru wake, ndiyo maana setilaiti yenyewe ikaitwa Uhuru. Mwaka 2003 darubini ya Chandra iliona ndani ya gesi ya Perseus mikunjo kama ya maji ya bwawa yaliyotupiwa jiwe. Kutoka kilele kimoja hadi kingine ni zaidi ya miaka ya nuru 30,000, na mtetemo mmoja huchukua karibu miaka milioni 10. Kimuziki ni noti ya Si bemoli, oktavu 57 chini ya Do ya katikati ya piano. Mwaka 2022 NASA waliipandisha oktavu 57 na 58 ili sikio la mtu liipate. Kila oktavu ni kuzidisha mara mbili, kwa hiyo walichokifanya ni kuharakisha wimbi zaidi ya mara milioni bilioni mia moja.

Kwa hiyo ulichonacho kwenye simu kimetokana na wimbi la sauti la kweli, lakini hakuna maikrofoni iliyolinasa. Waliliona kwenye picha, wakalipima, wakaligeuza. Inafaa uzitenganishe “sauti za anga” zinazosambazwa mitandaoni, kwa sababu kila aina itakufaa kwa namna yake. Kuna sauti halisi zilizoharakishwa, kama hiyo ya Perseus, au mtetemo wa Jua ambao hurudi kila baada ya dakika 5 hivi. Kuna mitetemo ambayo si sauti ila ina kasi inayolingana na sikio: mwaka 2013 chombo cha Voyager 1, kikiwa kimeshavuka mpaka wa himaya ya Jua, kilipokea mitetemo ya umeme ya elektroni ya karibu hezi 2,600, yaani mitetemo 2,600 kwa sekunde, na ukiipeleka moja kwa moja kwenye spika inapiga mluzi. Mawimbi ya mvutano, yaani mitikisiko ya nafasi yenyewe, yaliyonaswa tarehe 14 Septemba 2015 yako kundi hilohilo: yalipanda kutoka hezi 35 hadi 250 kwa sehemu ya tano ya sekunde. Kisha kuna picha zilizopewa noti, nyota yenye kung'aa inapewa sauti kubwa, ya juu kwenye picha inapewa sauti nyembamba. Hiyo ni kazi nzuri ya sanaa na ya kuwasaidia wasioona, lakini mbingu haikusema chochote hapo.

Zile video za mitandaoni zinazodai kwamba tarumbeta hulia angani achana nazo. Na ile hadithi ya “mapigo ya moyo wa Dunia” ya hezi 7.83 ni jambo la kweli lililosimuliwa vibaya: ni mawimbi ya umeme yanayochochewa na radi, yakizunguka kati ya ardhi na tabaka la ayoni, yaani hewa ya juu yenye chembe za umeme. Si sauti, na hata yangekuwa sauti yangekuwa chini ya uwezo wa sikio, ambao huanzia kama hezi 20.

Sasa tuje Zumari. Tatizo lako kubwa kuliko yote ni maneno mawili: wakati mmoja. Hewani sauti huenda mita 340 kwa sekunde. Volkano ya Krakatoa ilipolipuka mwaka 1883, mlio wake ulisikika kisiwa cha Rodrigues katika Bahari ya Hindi, kilomita 4,800 kutoka hapo, baada ya takribani saa 4. Kwenye sayari yenye ukubwa wa Dunia, sauti inayoanzia mahali pamoja itachukua saa 16 kufika upande wa pili. Kwa hiyo ama Mrindimo haubebwi na hewa, au hauanzii mahali pamoja. Hebu tupime njia zilizopo.

Ya kwanza ambayo waandishi hupenda ni kujaza anga yote gesi. Ni ulimwengu wako, unaruhusiwa. Lakini ili mvumo wa kawaida usafiri, gesi hiyo inabidi angalau iwe nzito kama hewa ya kwetu kwenye kimo cha kilomita 85 hivi. Kimo hicho ndicho vimondo vinapoungulia. Sayari inayokwenda kilomita 30 kwa sekunde ndani ya gesi kama hiyo itakuwa yenyewe kimondo kisichozimika. Unaweza kujiokoa kwa kuifanya gesi izunguke nyota pamoja na sayari, kama maji yanavyouchukua mtumbwi. Hata hivyo, kama nyota iko umbali wa Jua letu, mlio wake utafika baada ya miaka 14, na sauti nyembamba zote zitakuwa zimeliwa njiani. Kwa hadithi nyingine hilo lingekuwa zuri ajabu, watu wanasikia leo ghadhabu ya nyota ya miaka 14 iliyopita. Kwa Mrindimo wa kila siku 11 halisaidii.

Ya pili ni mawimbi ya mvutano, maana yanapita kila kitu. Hesabu inayakataa. Lile la 2015 lilitokana na mashimo meusi mawili, moja la uzito wa Jua mara 36 hivi na jingine mara 29, na hadi linatufikia kutoka miaka ya nuru bilioni 1.3 lilinyoosha na kubana vitu kwa sehemu moja ya trilioni ya bilioni. Hata tukilikadiria sikio kwa ukarimu, ili ngoma yake itikisike na wimbi la namna hiyo, mashimo yale yangepaswa kugongana karibu kiasi cha mara 80 ya umbali kati ya Dunia na Jua. Mizigo ya uzito huo ikiwa karibu hivyo haiachi sayari mahali pake. Isitoshe yakishagongana yamekwisha, hayarudi baada ya siku 11.

Ya tatu ni mwanga, na hii nakushauri uitumie kama kiungo, si kama chakula chenyewe. Kuna ushahidi wa miaka mingi wa watu kusikia mchakarisho papo hapo kimondo kikubwa kinapopita, wakati sauti ya hewani ilipaswa kuchelewa kwa dakika kadhaa. Mwaka 2017 watafiti wa maabara ya Sandia nchini Marekani walitoa maelezo haya: mwanga unaometameta haraka hupasha joto na kupoza vitu vyepesi visivyopitisha joto vizuri, navyo huitikisa hewa inayovizunguka. Majani makavu, nywele na nguo nyeusi hufanya hivyo. Bati halifanyi, kwa sababu joto hutawanyika ndani yake mara moja. Umeona nafasi uliyopewa? Nyota ya Zumari ikimetameta, nyumba za makuti zinanong'ona na nyumba za mabati zimekaa kimya. Wenye nacho hawasikii. Ila kumbuka ni upande wa mchana tu.

Njia ninayokupendekezea ni ya nne: acha sayari yenyewe ivume. Siku 11 zako ni bahati kubwa. Nyota nyekundu ndogo huwa na sayari zinazoizunguka kwa muda kama huo. Jirani yetu wa karibu kabisa, Proxima Centauri b, iliyotangazwa mwaka 2016, huzunguka nyota yake kwa siku 11.2 ikiwa umbali wa kilomita milioni 7 hivi tu. Ukiifanya njia ya Zumari iwe yai badala ya duara, kila siku 11 sayari itapita karibu na nyota na kubanwa, halafu itaachiliwa. Umbali ukiongezeka, nguvu ya kubana hupungua kwa kiasi cha umbali huo uliozidishwa wenyewe mara tatu, kwa hiyo njia inayopungua na kuongezeka kwa asilimia 10 tu inatosha kufanya mbano wa karibu uwe mara 1.8 ya ule wa mbali. Mwezi wetu hufanya jambo la jamaa hiyo: vipima-tetemeko vilivyoachwa na wanaanga wa Apollo vilirekodi matetemeko yaliyo kilomita 700 hadi 1,000 ndani yake, yakijirudia kwa mzunguko wa siku 27 hivi, sawa na safari yake kuizunguka Dunia.

Na hapa neno “wakati mmoja” linapata jibu. Mbano unaikamata sayari nzima, hauna kijiji unachoanzia. Kila mahali miamba ya hapo hapo inapasuka, na kila mtu anasikia ardhi yake mwenyewe. Tetemeko dogo lenye kina kifupi huvuma kama lori zito linalopita au mzinga wa mbali, hata likiwa dogo kiasi kwamba vikombe havitikisiki. Maeneo mengine yatatangulia na mengine yatachelewa, kwa hiyo Mrindimo usiwe pigo moja. Uwe kitu kinachokua kwa saa kadhaa, kikafika kilele, kikafifia kwa mapigo ya mojamoja. Ndani ya nyumba utasikika zaidi kuliko nje, kwa sababu kuta huupokea kutoka chini. Hiyo inabadilisha mstari mmoja kwenye swali lako: wenyeji watasema mbingu inavuma, lakini mtoto aliyelaza sikio sakafuni atajua zaidi.

Yapo mambo ambayo lazima uyalipie. Njia ya yai haidumu yenyewe, mbano huilainisha polepole iwe duara na Mrindimo ufe. Io, mwezi wa Jupita wenye volkano nyingi, umebaki kwenye njia yake ya yai kwa sababu Europa na Ganymede wanaivuta kwa zamu maalumu. Mpe Zumari jirani: sayari kubwa inayozunguka kwa siku 22. Pili, sayari iliyo karibu hivyo na nyota haizunguki kama yetu. Ama inaonyesha nyota uso mmoja milele, au inafanya kama Zebaki, inayojizungusha mara 3 katika kila safari 2. Chagua hilo la pili. Siku nzima ya Zumari, jua kuchomoza hadi kuchomoza tena, itakuwa na siku 22 za kwetu, na Mrindimo utaikuta mara mbili: kijiji kinachosikia mmoja adhuhuri kitasikia unaofuata usiku wa manane, kisha adhuhuri tena. Kijiji cha robo ya sayari kitausikia alfajiri na magharibi. Wape majina tofauti, na kalenda ya Zumari imejiandika. Tatu, watu wanaotikiswa mara nyingi hivyo hawajengi maghorofa ya tofali.

Manahodha wako? Hao hawasikii ardhi. Wanasikia redio. Sayari yenye usumaku ikisogelea nyota inayofoka chembe, hutoa mawimbi ya redio. Jupita hufanya hivyo kwa nguvu ya kutosha kunaswa na antena ya waya. Wanasayansi Burke na Franklin waligundua hilo mwaka 1955 kwenye megahezi 22.2, na baadaye ikaonekana kwamba Io ina mkono wake kwenye milipuko hiyo. Kwenye spika kuna inayopanda na kushuka kama mawimbi ya pwani, na kuna inayotatarika kama bisi. Chombo kilicho kilomita milioni 9 mbali kitaupata mlio huo baada ya sekunde 30. Wa ardhini, tetemeko kubwa likitokea upande wa pili wa sayari, watalipata miguuni baada ya dakika 20 hivi kupitia katikati ya sayari, na kwa hewa baada ya saa 16. Tukio moja, njia tatu, saa tatu tofauti. Sijui utalitumiaje, lakini nahodha anayejua kilele kimefika na hawezi kuwawahi walio chini ni kipindi kizima.

Kuhusu kutengeneza mlio, anza na redio, na hapa ndipo ziwa lako linapofaa. Ziwa Victoria ni miongoni mwa sehemu zenye radi nyingi duniani, na nyingi hupiga usiku kuelekea alfajiri. Weka redio kwenye mawimbi ya kati, chini kabisa ya mkanda, kati ya kilohezi 530 na 600 mahali pasipo na stesheni. Kila radi ya mbali itasikika kama mafuta ya chapati yanayoruka. Zima taa za LED na chomoa chaja za ndani, maana hizo hutoa mluzi na mkoromo unaofunika kila kitu. Weka simu sentimita 10 kutoka kwenye spika, rekodi nusu saa bila kubana faili. Usitundike waya nje kama antena wakati radi iko karibu: ukiona mmweko na ngurumo ikafuata kabla hujahesabu 30, acha kazi uingie ndani, na usitoke mpaka zipite dakika 30 tangu ngurumo ya mwisho.

Umeme wa radi pia hutoa mluzi wa anga, mlio mrefu unaoshuka kwa sekunde moja au mbili, uliosikika kwenye simu za vita vya kwanza vya dunia na kuelezwa na mwanasayansi Storey mwaka 1953. Mawimbi ya radi hufuata mistari ya usumaku wa Dunia hadi upande wa pili, na yale ya mitetemo mingi hutangulia kufika. Karibu na ikweta huupati kwa urahisi, lakini unaweza kutengeneza ndugu yake. Funga waya wa chuma wa milimita 2, urefu wa mita 20 hadi 30, kati ya miti miwili, uukaze. Kwa fundi redio omba kile kisahani cha shaba kinachotoa mlio kwenye saa za mezani au kengele ndogo, kibandike kwa gundi karibu na ncha ya waya, kiunganishe na kinasa sauti, kisha gonga waya kwa kijiko ncha ya pili. Utapata “piuuu” inayoshuka, kwa sababu ileile: kwenye waya mgumu mitetemo ya haraka hukimbia zaidi. Ikitoka nyembamba isiyo na besi, waya si mbovu. Kisahani hicho hakipatani na tundu la maikrofoni la kawaida. Kipitishe kwanza kwenye tundu la gitaa la amplifaya.

Kwa mvumo wa ardhi, rekodi kitu kizito: mlango wa ghala, pipa tupu linaloburuzwa, ngoma kubwa iliyolegezwa ngozi. Katika Audacity, ambayo ni bure, punguza kasi kwa ile amri inayobadilisha kasi pamoja na unene. Kasi ikigawanywa kwa 2 umeshuka oktavu moja na urefu umekuwa mara mbili. Kwa 8, oktavu tatu. Watu hukosea hapa. Simu inayorekodi sampuli 48,000 kwa sekunde hunasa hadi hezi 24,000 tu, kwa hiyo ukigawanya kwa 8 hakuna kitakachobaki juu ya hezi 3,000, na mlio utasikika kama umefunikwa blanketi. Gawanya kwa 4, au tandika juu yake tabaka la pili la mchanga unaomwagwa kwenye ungo, kwa kasi ya kawaida.

Kosa kubwa kuliko hilo ni kuweka Mrindimo kwenye hezi 30 kwa sababu kwenye spika kubwa za rafiki unatisha. Redio ya FM kwa kawaida hurusha kuanzia hezi 50 hivi, na spika ya simu au redio ndogo haitoi cha maana chini ya 200. Msikilizaji wako atasikia kimya, wakati mtambo unapoteza nguvu kwenye kisichosikika. Lidanganye sikio kihalali: tengeneza toni nne, hezi 240, 300, 360 na 420, kila moja ikiwa ndogo kidogo kuliko iliyotangulia. Sikio litagundua kwamba zote ni mafungu ya 60 na litaijaza 60 ambayo haipo. Zitie mtikisiko wa polepole usio sawa, changanya na lile pipa, kata kila kilicho chini ya 50, na kilele kiishie desibeli 3 chini ya ukomo. Kisha geuza mchanganyiko wote uwe wa mono usikilize tena. Mvumo uliopanuliwa kushoto na kulia kwa madoido mara nyingi hujifuta wenyewe ukirushwa kwenye redio ya spika moja. Rekodi za NASA unaruhusiwa kuzitumia kwa kawaida, ila usiweke nembo yao wala kudokeza kwamba wanaunga mkono mchezo wako.

Nimeuacha mwisho mvumo wa masikioni mwako, na naomba usiuchukulie kama sehemu ya hadithi. Kusikia mvumo au mluzi mahali pakimya ni jambo la kawaida kwa watu wengi, na mara nyingi chanzo chake ni sikio lililochoka na kelele, nta iliyojaa, au dawa. Kwinini inajulikana kwa hilo, vilevile aspirini kwa wingi na sindano za gentamisini. Kwanza ondoa vyanzo vya nje: zima swichi kuu ya umeme usiku mmoja, usikilize, kisha sogea mbali na nyumba. Ukiendelea kuusikia, panga kumwona daktari wa masikio, pua na koo. Usingoje zamu ya wiki ijayo kama mvumo uko sikio moja tu, unaenda na mapigo ya moyo, au unakuja na kizunguzungu. Na kama usikivu wa sikio umepungua ghafla ndani ya siku tatu, nenda hospitali siku hiyohiyo, kwa sababu matibabu yake hufaa yakianza mapema. Usitie mafuta wala kijiti. Beba orodha ya dawa zote ulizotumia miezi ya karibuni, pamoja na zile za malaria ulizonunua dukani bila cheti.